Nilienda Kanisani, Nyumba Ikahamia Makueni

Sisi watu wa Mbooni tuna ugonjwa mmoja: tunadhani maji ni yetu. Mimi Kanyiva nilizaliwa juu kabisa ya Kikima, mahali ambapo kijito kinatoka kwenye jiwe, na tangu nikiwa mdogo niliambiwa kwamba sisi ndio tunaonywesha dunia. Kijito chetu kinaingia Thwake, Thwake inaingia Athi, na Athi inashuka hadi baharini. Basi nilipoolewa na Mulwa, mtu wa Kitui, mahali pakavu kule chini ukingoni mwa Athi, nilifika na kiburi changu kwenye kiondo pamoja na sufuria. Wanawake wa huko wakinikuta natafuna muwa niliotumiwa kutoka nyumbani, wananiuliza habari, nami najibu, "Haya maji mnayokunywa, mama yangu ameshayanawia miguu." Nashangaa hawakunitupa mtoni siku hiyo hiyo.

Kwa haki, mto wenyewe si wa kujivunia sana. Athi ina majina mengi kama mkora anayekimbia madeni. Kule juu Ngong na Nairobi unaanza ukiwa kitu kidogo, unapita mjini unaokota kila uchafu, unateremka Machakos, halafu unafika kwetu unakuwa mpaka: ng'ambo ile ni Makueni, hii ni Kitui. Ukitoka hapo unaingia mbugani, unakutana na Tsavo, ambayo maji yake yanatoka Kilimanjaro huko Tanzania bila pasipoti. Hapo unajiita Galana. Karibu na Malindi unajiita Sabaki, na kwa jina hilo unaingia baharini. Sisi tuko katikati, tunapokea sandali moja moja za watu wa Nairobi. Miaka yangu yote pale sijawahi kuokota pea kamili.

Nyumba yetu ilikuwa kwenye kona. Mto ulikuja moja kwa moja, ukafika karibu na shamba letu, ukaenda kulizunguka kwa upande wa machweo, ukarudi tena, ukaendelea na safari yake. Kwa hivyo tulikuwa tumezungukwa na maji pande tatu, na upande wa nne ndio ulikuwa njia ya kwenda sokoni, kanisani na kwa majirani zetu wa Kitui. Ng'ambo ya ile kona, upande wa Makueni, aliishi mwanamke anaitwa Wayua. Tuliongea na Wayua kwa kupiga kelele juu ya maji. Kila asubuhi nikienda kuteka, yeye naye anateka kwake, tunaulizana, yeye akiniita kwa jina la mwanangu.

"Mama Musyoka! Mmeamkaje?"

"Salama! Ndengu zimepanda bei huko kwenu sokoni Kambu?"

"Zimepanda kidogo! Mwambie Mulwa ng'ombe wangu amevuka tena!"

Na Mulwa angemrudisha yule ng'ombe, suruali imekunjwa, bila kulalamika. Mume wangu alikuwa mtu wa kimya. Ilibidi awe hivyo, kwa sababu nyumbani maneno yote nilikuwa nimeshayachukua mimi.

Mulwa alifariki wakati wa mvua za El Nino. Sitaki kulizungumzia sana jambo hilo. Aliugua kidogo, tukampeleka, tukarudi naye kwenye sanduku. Tulimzika nyuma ya nyumba, chini ya mwembe pori aliopenda kukaa akichonga mipini. Siku ile mto ulikuwa umejaa hadi kwenye majani, unanguruma, hakuna mtu angevuka. Watu wanaimba, mchungaji anaomba, nami nikainua macho nikatazama ng'ambo. Nikamwona Wayua. Amesimama peke yake kwenye ukingo wake, kitambaa amekivua kichwani. Akainama, akachota udongo kwa mkono, akaurusha kuelekea kwetu. Udongo ukaanguka majini. Akainama tena, akarusha tena.

Asi! Damu ilinipanda. Mimi niko kwenye mazishi ya mume wangu, na mtu anasimama hadharani, mchana kweupe, anaturushia udongo! Kwetu ukimwona mtu anakurushia udongo huku amefunua kichwa, huulizi, unajua. Ni laana hiyo. Nikasema moyoni, kumbe ndiye. Na wiki ile ile mbuzi wangu mzuri, yule mweusi aliyekuwa anazaa mapacha, akaanguka akafa. Tulipompasua tulikuta tumboni karatasi za plastiki, zile za mkate zinazoletwa na mto kutoka Nairobi. Mtu mwenye akili angelaumu karatasi. Mimi nikamlaumu Wayua.

Tangu siku hiyo nilibadilisha mahali pa kuteka maji. Akiniita, nageuza mgongo. Akiita zaidi, naimba wimbo wa kanisani kwa sauti ili nisimsikie. Nilikuwa najiona nimemweza kweli.

Sasa nifike kwenye mfereji ulioniletea haya yote.

Bila Mulwa shamba la mboga likawa linanishinda. Kupanda ukingo na mitungi kila siku na magoti yangu haya, wacha tu. Nikakumbuka kwetu Mbooni. Kule mtu akitaka maji hayabebi. Anachimba mfereji mwembamba kutoka kwenye kijito, anauongoza kando ya mlima, na maji yanamfuata hadi kwenye sukumawiki kama ndama. Nikatazama ile kona yetu nikaona jambo ambalo niliona hakuna mtu wa Kitui amewahi kuliona kwa akili yake ndogo: mto unatuzunguka safari ndefu namna hii, na hapa nyuma, kwenye shingo ya kona, pana bonde dogo ambalo ng'ombe wamelichimba kwa kwato. Nikichimba mfereji hapo kuanzia juu hadi chini, maji yatapita mlangoni mwangu yenyewe. Sikuamini jinsi nilivyokuwa mwerevu.

Nikaita mwethya. Kama hujui, mwethya ni kikundi chetu cha kufanya kazi kwa zamu: leo tunachimba matuta kwangu, kesho kwako, na mwenye nyumba anapika. Asiyekuja anatozwa faini, na asiyewahi kwenda kwa wenzake, siku yake ikifika hakuna jembe litakaloinuliwa. Kwa kuwa sikuwahi kukosa kwa mtu, walikuja wote. Nilipika isyo, mahindi na maharagwe yenye mafuta, nikawasimamia na kuwafundisha. "Pindeni kidogo hapo. Shusheni hapo. Mnaona? Hivi ndivyo sisi watu wa milimani tunafanya."

Siku ya pili ya kuchimba, Wayua akatokea ng'ambo. Akatazama kwa muda. Kisha akapiga kelele kwa nguvu zake zote.

"Kanyiva! Unaufungulia mto njia! Huo mfereji si mfereji, ni mlango!"

Jembe la kila mtu likasimama. Wenzangu wakanitazama.

"Endeleeni!" nikawaambia. "Huyo ana wivu. Anaona nitakula mboga mbele yake." Nikaimba wimbo wangu wa kanisani, na mwethya wakaitikia, na tukamaliza mfereji kabla ya jua kushuka. Kwa muda nilikula mboga kweli. Nilipanda hadi vitunguu. Nilivivusha mto hadi Kambu na kujisifu barabarani kote.

Tatizo ni kwamba vijito vya Mbooni vina adabu. Vinapita kwenye mawe, vimefungwa na mlima pande zote, haviwezi kubadilisha mawazo hata vikitaka. Athi kule chini inalala kwenye mchanga. Mchanga hauna neno, ukisukumwa unasogea. Hilo hata mbuzi wangu walilijua. Mimi nililijua Jumapili moja ya mwezi wa nne.

Kwetu jua lilikuwa linawaka siku hiyo. Mvua ilikuwa inanyesha Nairobi, wiki nzima redio ilikuwa inasema, lakini mimi nina uhusiano gani na Nairobi zaidi ya sandali? Nikavaa sare ya akina mama, nikafunga mbuzi, nikafunga mlango, nikapita ule mfereji kwa hatua moja, nikaenda kanisani. Niliacha nyumba yangu ikiwa Kitui. Mahubiri yalikuwa juu ya nyumba iliyojengwa juu ya mchanga, na nilitikisa kichwa sana nikiwahurumia watu wa namna hiyo.

Tulipotoka, tukasikia mngurumo. Tukashuka mbio. Pale nilipopita kwa hatua moja asubuhi palikuwa na mto. Si maji kidogo, mto mzima, Athi yenyewe na miti yake na povu lake, umeingia kwenye mfereji wangu, umeupanua, na unapita kama uliozaliwa hapo. Ile kona ya zamani umeiacha. Na ng'ambo, nyumba yangu imesimama vizuri kabisa, mabati yanang'aa, jogoo yuko juu ya paa.

Kijana mmoja wa kwaya akanigusa bega. "Mama Musyoka, kwani ile si nyumba yako?"

Nilimjibu neno ambalo halifai kusemwa na mtu aliyevaa sare ya kanisa.

Basi hivyo ndivyo nilivyohamia Makueni bila kubeba hata kijiko. Mchimba kisima huingia mwenyewe, na mimi mchimba mfereji niliingiza kila kitu isipokuwa mwenyewe. Nikakaa kwa rafiki yangu wa kwaya, na kila siku nashuka ukingoni kutazama nyumba yangu kama mtu anayemtembelea mgonjwa ambaye haruhusiwi kumwona. Siku ya tatu nikaona mtu kwenye boma langu. Mwanamke. Amefungua zizi na anatoa mbuzi wangu!

"Mwizi!" nikapiga kelele. "Mwizi wa mbuzi! Nimekuona!"

Yule mwanamke akageuka. Alikuwa Wayua. Ile kona ya zamani ilikuwa imekauka ikabaki tope, na yeye amevuka kwa miguu.

"Njoo unishike basi!" akanijibu, akawaswaga mbuzi wangu kwenda malishoni.

Nilipovuka hatimaye, nilivushwa na Hamisi. Hamisi ni muuzaji wa beseni na tende pale Kambu, babu yake alitoka pwani, na mafuriko yalipokuja aliacha beseni akafunga mbao juu ya mitungi mitupu akawa anavusha watu. Nilikaa katikati ya mbao zile nikiwa nimeshikilia kila kitu kilichoshikika.

"Bi Kanyiva, unanivunja kidole," akasema.

"Kuna mamba?"

"Wapo, lakini wameshiba. Tulia, mama yangu."

Nikakuta mbuzi wamenenepa. Kuku wote wapo, na mayai yamewekwa kwenye beseni jikoni, yamefunikwa. Wayua mwenyewe amekaa kwenye kigoda changu, kwenye uwanja wangu. Mtu mwingine angesema asante. Mimi nikasema, "Jogoo amekonda."

"Hakutaka kushuka kwenye paa," akasema Wayua. Akaamka akaenda zake.

Naibu wa chifu wa upande wa Kitui aliniambia nyumba yangu sasa iko kwa mwenzake. Mwenzake wa Makueni akaniambia hana mtu wa jina langu. Mwanangu Musyoka, ambaye anafanya kazi ya kushona viti Kitui mjini, akapiga simu. "Mama, toka hapo. Nimekutafutia chumba, karibu na soko, maji yako kwenye bomba."

"Sitoki kwangu."

"Mama, ukingo unabomoka."

Hilo lilikuwa kweli. Mto ulikuwa umeipenda njia yake mpya na ukaanza kuipanua kuja kwangu. Kila wiki kipande cha ukingo kinaanguka, puu! Choo kilikuwa cha kwanza kuondoka. Kikafuata kibanda cha kuku. Mvua ya mwezi wa kumi na moja ikija, mto ungefika nyumbani. Kila mtu aliniuliza kwa nini nang'ang'ana, na kila mtu nilimjibu jibu moja: hii nyumba tuliijenga kwa ndengu na jasho, tofali kwa tofali, siwezi kuiacha. Walinielewa. Watu wanaelewa mambo ya nyumba.

Lakini mimi nilikuwa najua mahali macho yangu yanaangalia nikilala kitandani. Yalikuwa yanaangalia ukuta wa nyuma. Ng'ambo ya ukuta ule, hatua chache, ni Mulwa, na ukingo ulikuwa unamkaribia yeye kama ulivyokuwa unaikaribia nyumba. Kwetu mtu akishazikwa amezikwa, hakuna anayemfukua kumhamisha kama viazi. Mto ungemchukua. Mtu wangu ambaye hakuwahi kufika hata Mombasa, angepelekwa baharini kipande kwa kipande kwa sababu mke wake alitaka vitunguu. Hilo sikuweza kulitamka. Hata mbele ya Mungu nilikuwa nazunguka zunguka, nasema, "Bwana, linda nyumba."

Ukuta wa mawe ungeweza kuuzuia mto, mawe yaliyojazwa kwenye wavu wa waya na kuegemezwa ukingoni. Kazi hiyo ni ya mwethya. Mwethya wangu wa Kitui walikuja mara moja kwa mbao za Hamisi, wakamwona mamba mmoja tu, na hakuwa hata mkubwa, wakarudi. Siwalaumu. Mwethya uliobaki ulikuwa wa upande huu, wa Makueni, na mwenyekiti wake, Mungu ana mzaha, alikuwa Wayua.

Nilivuka lile tope hadi kwake nikiwa nimekunja uso. Alikuwa anapepeta kunde.

"Nataka kuingia mwethya," nikasema.

"Karibu kiti."

"Sitaki kiti, nataka mwethya."

Akapepeta kwanza. "Lazima ufanye kazi kwa wengine kwanza, Mama Musyoka. Unajua sheria."

"Najua sheria. Sisi Mbooni ndio..." nikaanza, nikanyamaza mwenyewe.

Kiangazi chote nilifanya kazi kwa watu ambao majina yao nilikuwa najifunza njiani. Nilichimba matuta, nilibeba mawe, nilikanyaga udongo. Siku ya kwanza nilimwona mama mmoja anachimba vibaya nikafungua mdomo kumwonyesha. Wote wakageuka.

"Kanyiva," akasema Wayua kwa upole, "wewe beba mawe. Mambo ya kuongoza maji tuachie sisi." Walicheka hadi mmoja akakaa chini. Tangu hapo nikaitwa Mama Mfereji, na hadi watoto wakawa wananiita hivyo. Jioni nilikuwa narudi kwangu nimechoka, nakasirika, halafu nacheka peke yangu, kwa sababu jina lilinifaa.

Zamu yangu ikafika mawingu yakiwa tayari yamekaa upande wa Nairobi. Walikuja alfajiri na punda, na mawe yaliyokuwa yamekusanywa, na wavu ambao kikundi kilikuwa kimenunua kwa faini za wale wasiokuja. Nilikuwa nimepika isyo ya kutosha kijiji kizima. Wayua akazunguka ukingo akapima kwa macho. Akaenda nyuma ya nyumba, akakaa huko. Aliporudi uso wake ulikuwa umebadilika.

"Mawe haya na wavu huu vinatosha ukuta mmoja," akasema. "Nyumba iko huku. Kaburi liko kule. Havitoshi pande zote mbili."

Na mimi, badala ya kuchagua, sijui ni uchovu, sijui ni ile huruma usoni mwake, hasira yote niliyokuwa nimeibeba ikanitoka mdomoni mbele ya mwethya wote.

"Wewe usimtaje Mulwa! Wewe uliyeturushia udongo siku ya mazishi yake! Nilikuona! Umefunua kichwa, unaturogea mchana! Na mbuzi wangu akafa!"

Nilisikia punda mmoja akitikisa masikio. Wayua alinitazama, mdomo wazi.

"Kanyiva," akasema, "ule ulikuwa udongo wa mazishi."

"Wa nini?"

"Wa mazishi! Kila mtu alikuwa anarusha udongo kaburini. Na mimi nilitaka kumrushia wangu. Yule mtu amenirudishia ng'ombe miaka yote, nisimzike? Mto ulikuwa umejaa. Ningerushia wapi?"

Nikakalia jiwe la karibu.

"Na mbuzi?" nikauliza, kwa sauti ndogo sana.

"Mbuzi gani?"

"Mweusi. Alikufa."

"Alikufa na nini?"

"...Alikula plastiki."

"Basi nenda ukagombane na Nairobi!" akasema Wayua, na wale wanawake wakaanza, mmoja akacheka, mwingine akacheka, na nadhani hata mimi nilicheka, lakini machozi yalikuwa yananiteremka na sikuyafuta. Niliona haya hadi masikio yakaniwasha. Wakati wote ule nilipokuwa naimba ili nisimsikie, mwanamke huyu alikuwa anataka tu kunipa pole. Na aliponionya juu ya mfereji, alikuwa anaokoa nyumba yangu, nami nikamwimbia.

"Nisamehe, Wayua," nikasema.

"Nitakusamehe jioni," akasema. "Sasa kuna kazi. Tuanzie wapi? Nyumba?"

Watu wote waliokuwepo walinijua mimi ni mtu wa nyumba. Nilikuwa nimewachosha masikio na tofali zangu kiangazi kizima. Nikaitazama ile nyumba, mlango wa buluu ambao Mulwa alipaka rangi akapaka na miguu yake, dirisha ambalo halijawahi kufunga vizuri. Niliipenda. Nikafungua mdomo niseme nyumba, na nikasema, "Mulwa."

Hakuna aliyeuliza mara mbili. Punda wakageuzwa. Wayua alitangulia, na kabla jiwe la kwanza halijawekwa alichota udongo akaumwaga juu ya kaburi taratibu, bila kurusha safari hii. Akajifunga kitambaa chake vizuri, akapiga kelele, "Haya, mawe!" Tukafanya kazi hadi mikono ikatoka damu. Niliimba, na mara hii niliwaacha waanzishe wimbo wao. Jua lilipozama ukuta ulikuwa umesimama, mpana, mzito, umelizunguka kaburi upande wa maji.

Siku zilizofuata tukatoa mabati, milango na lile dirisha lenye matatizo. Tukavibeba kwa Wayua, na mimi mwenyewe nikabebwa pamoja na vyombo vyangu. Ninalala kwenye chumba chake cha kunde. Wayua anakoroma, na nilimwambia hivyo asubuhi ya kwanza, naye akaniambia kwamba mimi nikilala nahubiri. Mbuzi wetu tumewachanganya na tayari tumeshagombana mara kadhaa juu ya nani ni wa nani. Sasa hatuhitaji kupiga kelele, lakini tunapiga tu, kwa mazoea.

Mvua ya mwezi wa kumi na moja ilikuja ikiwa na nguvu, ya kwetu na ya Nairobi pamoja. Tulisimama mimi na Wayua juu ya kilima chake tukitazama. Maji yalipanda siku nzima. Mchana yalifika kwenye tofali. Ukuta wa mbele uliinama kwanza, ukakaa hivyo kwa muda kama unafikiria, halafu ukaenda. Wa nyuma ukafuata. Nilikuwa nimemshika Wayua mkono bila kujua, na yeye hakuutoa. Maji yakapita pale palipokuwa na nyumba, yakafika kwenye mawe yetu, yakagonga, yakageuka pembeni. Tulingoja hadi jioni. Yakaendelea kugeuka.

Musyoka akapiga simu.

"Mama! Nimesikia mto umepanda. Nyumba iko?"

"Nyumba imeenda Malindi," nikamwambia. "Baba yako amebaki."